Mama mkwe anasema vitabu vya wanawake vinatuharibu, je ni kweli?

"Shikamoo mwalimu. Mimi niko Makorora hapa Tanga, nina miaka 36, mume na watoto watatu, nauza vitenge na madera. Tuna kikoba cha wanawake tisa, tunakutana Jumapili jioni. Mwezi wa tatu mwenzetu mmoja akaja na wazo kwamba tukishahesabu hela tusome kitabu badala ya kukaa kusengenya watu, tukakubali, tukaanza na Rosa Mistika kwa sababu ndo kilikuwepo. Kitabu chenyewe kimoja, tunapokezana, kinalala kwenye sanduku la kikoba. Mwanzo raha, baadae balaa. Mume wa mmoja wetu alikikuta akasoma kurasa mbili tatu, akamkataza kabisa kuja. Mama mkwe wangu nae kasikia, anasema vitabu hivo vinafundisha umalaya, mwanamke wa pwani kitabu chake ni Mwana Kupona basi, na yeye anaujua utenzi mzima kwa kichwa. Na sisi wenyewe tulivomaliza tukanyong'onyea, mmoja alilia mpaka tukaogopa, maana yule binti anaishia kujiua. Sasa nauliza, ni kweli vinaharibu? Kwa Kiswahili hakuna kitabu cha mwanamke anapenda, anafanya kazi zake, anaishi na hafi? Tusome kwa kujificha au vipi? Na wawili wanasema kusoma hawapendi, wanataka kuhadithiwa tu, tuwafanyeje?"

Marahaba mwanangu. Maswali yako nimeyahesabu ni manne, lakini nikiyasoma vizuri naona wasiwasi ni mmoja tu, unaogopa umewaletea wenzio kitu cha kuwavunjia nyumba. Basi tulia kidogo, kaa kitako, maana jibu langu refu na kuna mahali ntakubaliana na mama mkwe wako, usishtuke.

Kwanza nikwambie mimi Rosa Mistika nilikisoma vipi. Kakiandika Euphrase Kezilahabi, kilitoka 1971, kikapigwa marufuku mashuleni, na marufuku unaijua inavyofanya, kila msichana wa bweni letu akakitaka. Kikapatikana kimoja, kimechakaa, tukakichana vipande vipande tukagawana, wewe unaficha chako chini ya godoro, mwenzio anaficha chake ndani ya sanduku la nguo, ukimaliza mnabadilishana gizani. Sasa mimi bahati yangu nikaangukiwa na vipande vya mwisho. Nikasoma Rosa alivoharibika, nikasoma alivokufa, na kabla sijapata vile vya mwanzo matroni akafanya msako, vikaenda na maji. Kwa hiyo miaka na miaka mimi Rosa nilikuwa namjua kama binti mbaya aliyepata malipo yake, basi. Nilishakuwa mwalimu wa Kiswahili nina darasa langu ndipo nikakisoma kitabu kizima, toka ukurasa wa kwanza, na nikaona aibu peke yangu mezani.

Maana mwanzo pale unakumbuka kuna nini? Kuna barua. Mvulana anaitwa Charles kamwandikia Rosa barua, baba mtu Zakaria akaipata, na kipigo alichompa yule mtoto ndio kitabu chote kinatokea hapo. Rosa anatoka pale anaogopa wanaume kama mtu anavoogopa moto, hajafundishwa kitu kingine chochote kuhusu wao isipokuwa fimbo, alafu anapelekwa chuoni Morogoro, hakuna baba hakuna fimbo, na hajui afanye nini na uhuru ule. Yule mume wa mwenzenu aliyesoma kurasa mbili tatu akafunga, mimi ningemuuliza, kurasa zipi? Kama ni za katikati basi amefanya kama nilivofanya mimi bwenini, kaokota kipande kakiita kitabu.

Na hii habari ya barua nataka uishike, maana nimekaa nayo miaka mingi na ndio naona inajibu swali lako la kwanza. Watu wanadhani hofu ni ya mwanamke kusoma, mimi nasema kusoma hakujawahi kuwatisha watu sana huku kwetu. Mabibi zetu walisoma Kurani toka wadogo, chuoni walikuwa wanakaa jamvi moja na kaka zao. Kinachotisha ni kuandika, yaani mwanamke akiweza kujibu.

Mchukue Salme binti Said, mtoto wa Sayyid Said sultani wa Zanzibar, kazaliwa 1844 pale Mtoni. Mtoto wa mfalme kabisa, watumwa wamejaa uani, lakini mabinti walifundishwa kusoma, kuandika hapana. Akajifundisha mwenyewe kwa siri, anachukua mfupa wa bega la ngamia, ndio ubao wa siku hizo, anaiga herufi za msahafu moja moja. Ilivojulikana watu wakamsema sana. Na unajua kilichofata? Kaka zake walivogombania ufalme, upande wa kaka yake Barghash wakamkimbilia awaandikie barua zao, nae bado kigori! Baadae akapendana na Mjerumani, akatoroka mwaka 1866, akaja kuolewa nae akaenda kuishi kwao, na 1886 akatoa kitabu cha maisha yake kwa Kijerumani. Humo ndo tunapata habari za wanawake wa ndani ya yale majumba, chakula chao, maradhi yao, wivu wao, mambo ambayo wageni wa kiume waliokuwa wanapita Unguja wasingeweza kuyaona hata kwa dawa.

Ukija kwa Gurnah, huyu Mzanzibari aliyepata Nobel 2021, kitabu chake cha Afterlives mimi nimekisoma kwa Kiingereza, kuna binti mdogo anaitwa Afiya, kaka yake kamfundisha kusoma na kuandika, alafu nyumba anayolelewa wakagundua anajua kuandika, akapigwa kwa ajili hiyo hiyo. Nilivofika pale nikafunga kitabu nikatoka nje nikakaa barazani. Salme, Rosa, Afiya, nikasema jamani mbona ni barua tu, hawa wote kosa lao ni barua. Siku hizi karatasi imehama, imekuwa simu. Yule bwana aliyemkataza mkewe, sitashangaa kama anachokiogopa hakimo kwenye kitabu kabisa, anaogopa mkewe amekaa na wanawake wanane, wanazungumza, na yeye hayupo.

Sasa mama mkwe. Anasema kitabu cha mwanamke ni Mwana Kupona, nami nakwambia yuko sahihi kuliko anavojua mwenyewe. Wengi wetu tunautaja ule utenzi bila kuusoma, tunajua tu kwamba unasema mtii mume. Na kweli unasema, tusidanganyane, mle ndani mwanamke anaambiwa radhi ya mumewe ndio njia yake ya peponi, amkande, ampepee, akilala asipige kelele. Msichana wa leo anaposoma pale ananuna na ana haki ya kununa. Lakini tazama nani anasema na anasema vipi. Mwana Kupona binti Mshamu ni mtu wa upande wa Lamu na Pate, mjane wa Bwana Mataka mtawala wa Siyu, 1858 yuko mgonjwa anahisi haponi, ana binti yake Mwana Hashima. Na beti za mwanzo kabisa anamwambiaje yule mtoto? Anamwambia asogee mbele akae, na wino na karatasi, kuna maneno moyoni mwake anataka kumwambia. Wino na karatasi! Hiyo ni miaka 103 kabla ya uhuru wetu, mama anamwita binti yake aje na vyombo vya kuandikia, kama mtu anavomwita mtoto aje na ungo. Na huko mbele anawaambia wanawake wote wausome waelewe maana yake. Alafu kuna pale anapomfundisha binti kumwangalia mume kama mtoto mchanga asiyejua kusema, wasomi wamebishana miaka, wengine wanasema ni utumwa huo, wengine wanasema mama anacheka kichinichini, mume akilelewa kama kichanga, mkubwa ndani ya nyumba ni nani? Mimi sijachagua upande, kila nikisoma nasikia yote mawili. Nachosema ni kwamba anayekwambia vitabu vya wanawake ni mambo ya kizungu yaliyokuja juzi, huo utenzi anaousifia unamkatalia.

Kwa hiyo vinaharibu au haviharibu? Sikwambii havifanyi kitu, ningekuwa nakudanganya, kitabu kisichofanya kitu cha nini sasa. Nilivoona mimi kwa miaka ya kufundisha, kitabu hakimpi mtu tamaa ambayo hana, ila kinampa maneno ya kitu ambacho tayari anacho. Mwanamke aliyekuwa na donge anajua sasa donge linaitwaje. Hapo nyumbani panaweza kuwa na maneno kidogo, ndio, kwa sababu jana alikuwa ananyamaza na leo anauliza. Nyumba yenye mazungumzo inapita hapo salama. Nyumba iliyokuwa imesimama kwa kunyamaza kwa mtu mmoja, hiyo itatikisika, na siwezi kusema kitabu ndo kimeitikisa.

Swali lako kuhusu mwisho mbaya wa Rosa, mbona wanakufa kufa, hili nalipenda na watu hawaliulizi. Ukiwatazama wanawake wa riwaya zetu za miaka ya 70 na 80 utaona njia imechongwa, binti anatoka nyumbani, anaonja dunia, dunia inamrudi. Maimuna wa Utengano (Said Ahmed Mohamed, 1980) kafungiwa ndani kama kuku, akipata upenyo anakimbilia mjini anaangukia danguroni. Kwa nini? Mimi naona sababu zinakaa juu ya nyingine. Hadithi zetu toka enzi zina kazi ya kuonya, bibi akikuhadithia lazima mkaidi aone cha moto, na waandishi walilelewa na bibi hao hao. Juu ya hapo kuna biashara, kitabu cha Kiswahili kinauzika kweli kweli kikiingia shule, na kitabu cha shule lazima kiwe na "funzo", kwa hiyo mwandishi anamwachia mwanamke apende kurasa mia alafu kurasa kumi za mwisho anamlipisha. Tena huyu wa Rosa alimuua kabisa na bado wakakipiga marufuku, haikusaidia! Na waandishi wenyewe wa riwaya wengi walikuwa wanaume, wengine wana huruma ya kweli na wanawake wao, Kezilahabi anayo, lakini anamtazama toka dirishani. Kwa hiyo mkifika mwisho wa kitabu cha namna hiyo msiuchukue kama fatwa. Mwisho ni wa mwandishi na soko lake, katikati ndo mtafute mwanamke.

Na wanawake wenyewe walikuwa wanasema wapi wakati huo? Kwenye nyimbo, kwenye lelemama, kwenye unyago kwa kungwi, kwenye kanga. Wewe unauza nguo unajua, mtu hanunui kanga kwa rangi tu, anageuza pembe asome jina kwanza. "Nilikudhani dhahabu kumbe adhabu", huo si ubeti? Mtu kavaa kaenda nao mpaka sokoni Mgandini, kampa aliyekusudiwa ujumbe wake bila kufungua mdomo. Barua ile ile tena.

Haya, vipo vitabu ambavyo mwanamke hafi? Vipo. Cha kwanza kakiandika mtu wa hapa hapa, Shaaban Robert wa Machui, tunapita kila siku na baiskeli zetu wala hatukumbuki. Wasifu wa Siti binti Saad. Mwanamke wa kijiji cha Fumba Unguja, kazaliwa kama 1880 hivi, kazi yao kufinyanga vyungu na kuviuza, hakwenda shule. 1911 akaja mjini na sauti yake tu. Taarabu wakati ule ya kuimbwa kwa Kiarabu kwa wakubwa, yeye akaimba Kiswahili cha watu, na 1928 akapanda meli mpaka Bombay kurekodi santuri. Wenye wivu walimtungia nyimbo za kumsimanga kwamba katoka shamba na kaniki, kama si sauti angekula nini, nae akajibu kwa wimbo, hakulia. Na aliimba mambo mazito, kuna ule wa Kijiti, mwanaume aliyemuua mwanamke mgeni akatorokea bara, wakaja kufungwa mashahidi. Ukitaka kuwaonyesha wenzio kwamba mwanamke anaweza kuwa na shauku na shauku yenyewe isiwe mwanaume, iwe kazi yake, anzeni hapa. Ni kitabu chembamba, Kiswahili chake kimenyooka ingawa kina maneno ya zamani. Ubaya wake madukani ni kazi kukipata, nendeni maktaba ya mkoa muulizie, na kama hakipo andikisheni ombi.

Cha pili ndicho nakipigia debe zaidi kwa kikundi chenu, Barua Ndefu Kama Hii, cha Mariama Bâ wa Senegal, kilitoka Kifaransa 1979, Kiswahili chake kafasiri Clement Maganga. Jina umeliona? Barua! Mama mmoja mwalimu, Ramatoulaye, ana watoto kumi na mbili, mumewe kafa, yuko ndani ya eda, miezi minne na siku kumi, anamwandikia shoga yake aliye mbali. Eda hamuhitaji kuelezwa na mtu, mnaijua, vikao vyake, wageni wake, wanaokuja kulia na wanaokuja kuhesabu vyombo. Huyu mume kabla ya kufa alishaoa mke wa pili, shoga wa binti yake wa kumzaa, rafiki wa darasani anayekuja kusomea pale pale nyumbani kwao. Na Ramatoulaye anaambiwaje? Wanakuja watu watatu sebuleni, imamu, shemeji yake na rafiki wa mumewe, wamevaa vizuri, wanazunguka maneno ya Mungu na kudra, yeye anadhani kuna ajali, kumbe ndoa imefungwa siku hiyo hiyo na yeye ndio wa mwisho kujua. Nilisoma ule ukurasa kwa sauti mbele ya darasa la watu wazima, hakuna aliyekohoa.

Kizuri zaidi ni kwamba wako wawili. Shoga mtu, Aissatou, yalimkuta hayo hayo kabla, yeye akaacha barua akaondoka na watoto wake, akajiendeleza kwa kusoma mpaka akapata kazi ubalozini Marekani. Ramatoulaye akabaki. Kitabu hakisemi nani kafanya vizuri, hakuna fimbo mwisho, wote wazima, wanasubiri kuonana. Na shemeji anapokuja siku ya arobaini kuposa, kana kwamba mjane ni shati la marehemu, jibu analolipata ntakuachia mkalisome wenyewe. Mwislamu mwenye dini yake ndo anasema, anasali, anataja Mungu kila ukurasa, kwa hiyo hata mama mkwe hatapata pa kushika.

Mkitaka mapenzi mapenzi, Vuta N'kuvute ya Adam Shafi, 1999. Yasmin binti wa Kihindi kaozwa mzee bado mtoto, anatoka, anahamia kwa shoga yake Mwajuma uswahilini, anampenda Denge mwanasiasa wa kupinga ukoloni. Ina filamu pia toka 2021. Yasmin anafika mwisho akiwa hai, nimekuhakikishia. Na kwa kuwa ninyi ni kikoba, siku mojawapo igizeni Nguzo Mama ya Penina Muhando ya 1982, wanawake wa kijiji cha Patata wanataka kuisimamisha nguzo moja, kila wakikaribia mmoja anaitwa na lake. Kila mtu ashike nafasi asome. Mtacheka sana, alafu mtanyamaza mkiangalia daftari la madeni. Ukitaka riwaya iliyoandikwa na mwanamke ipo Shida ya Ndyanao Balisidya, 1975, lakini ukweli ni kwamba za wanawake bado chache na nyingi zimeshapotea madukani. Wenye Kiingereza kwenye kikundi wanaweza kuwaeleza habari za Bibi Titi Mohamed, kabla ya siasa alikuwa muimbaji wa ngoma Dar, na 1955 alivotakiwa awaingize wanawake TANU alipita kwenye vikundi hivo hivo vya ngoma. Susan Geiger kawahoji wanawake wale akaandika kitabu, TANU Women, 1997. Vikundi kama chenu, usivichukulie poa.

Kujificha. Nimekwambia mimi nilijificha, na sikuona vibaya, nilikuwa mtoto na hakuna aliyeniuliza. Mtu mzima kujificha kuna gharama yake, siku kikikutwa kitabu ndani ya sanduku la kufuli tatu utaeleza nini? Hela zinafungiwa kwa sababu wezi wapo, kitabu kinafungiwa kwa nini? Mtu atajaza mwenyewe. Ushauri wangu kitoeni humo, kikae juu ya kabati ya TV kila mtu akione, na jioni moja msomee mumeo kurasa mbili tu, usimwambie "nataka nikusomee", soma tu kwa sauti kama unajisomea, wanaume wengi wanasikiliza wakijifanya wanaangalia mpira. Itafanya kazi kwa wote? Hapana. Yule aliyekatazwa msimvute kwa nguvu wala msimfiche, maana mkikamatwa gharama analipa yeye peke yake. Muulizeni yeye anataka nini. Pengine aje kwenye hesabu aondoke kabla ya kitabu, pengine mbadilishe kitabu muanze na Siti mumewe atulie, hakuna ubaya kurudi nyuma hatua moja.

Lakini kama kukatazwa kwenyewe kumekuja na mkono, hapo tumeshatoka kwenye vitabu. Sheria ya Ndoa ya 1971, kifungu cha 66, inasema hakuna mwenye ndoa aliye na haki ya kumpiga mwenzake, kwa kitabu wala kwa chumvi kuzidi. Aende na mtu anayemwamini, kungwi wake au shangazi, na kama ni hatari aende dawati la jinsia polisi au kwa afisa ustawi wa jamii. Hilo halisubiri Jumapili.

Na yule aliyelia mpaka mkaogopa. Wengi wanalia na kitabu, ni kawaida na ni dawa. Ila kuna kilio cha Rosa na kuna kilio cha mtu mwenyewe. Mfate peke yake, si mbele za watu, muulize pole pole nini kimemgusa, na usiogope kumuuliza wazi kama amewahi kufikiria kujidhuru, kuuliza hakumpi mtu wazo hilo. Akisema ndio, au ukiona halali, hali, anajitenga, usibaki nae na siri hiyo, msindikize Bombo hospitali siku hiyo hiyo mkaulizie watu wa afya ya akili. Mimi mwalimu wa vitabu, hapo ndio mwisho wa elimu yangu.

Hao wawili wasiopenda kusoma, naomba umri wao. Maana kama wameshapita arobaini mimi siamini kwamba hawapendi. Macho ya karibu yanaanza kuchoka umri huo, mtu anasogeza kitabu mbali, mkono unaisha, kichwa kinamuuma, anaona haya kusema, anasema hapendi kusoma. Mwambie akajaribu kutunga uzi kwenye sindano mbele yako, utajua. Akapimwe macho, miwani ya kusomea si gharama ya kutisha. Nina mwanafunzi wangu mtu mzima alinambia kusoma kunamletea usingizi, kapata miwani kamaliza riwaya mbili mwezi mmoja, sasa analalamika riwaya fupi. Na kama ni herufi ndo hazijui vizuri basi kuhadithiwa ni haki yake, someni kwa sauti wote, tenzi hazikutungwa kwa macho zilitungwa kwa masikio. Mkirekodi mkamtumia kwenye WhatsApp akasikiliza akipika pia sawa, ila kitabu kizima msikisambaze kwenye magrupu, mwandishi nae ana watoto.

Mpango wangu ni huu basi. Rosa mwekeni kando, mtamrudia mwakani mkiwa mmekomaa. Jumapili hii msianze na kitabu kipya chochote. Mwite mama mkwe. Mpelekee kitenge kizuri, mwambie mama tumekubali, kitabu cha mwanamke ni Mwana Kupona, tunaomba uje utughanie maana sisi hatuujui. Atakuja, nakuapia, na atakuja kajitanda kanga mpya. Pika kahawa, weka kashata, kila mtu awe na daftari na kalamu mapajani. Beti mia na mbili, ni kitu cha jioni moja. Akifika pale mwanzo mama anapomwita binti yake na wino na karatasi, usiseme kitu, usimkonyeze mtu, inua tu kalamu yako aione.